Barua ya wazi kwa Baba Askofu na Halmashauri Kuu: mimbari zetu hazina mlinzi

Kwa Baba Askofu, Msaidizi wa Askofu, Wakuu wa Majimbo na wajumbe wote wa Halmashauri Kuu ya Dayosisi yetu.

YAH: WALIMU WA UONGO KATIKA SHARIKA NA UTARATIBU WA KUWAPIMA

Bwana Yesu asifiwe.

Baba Askofu, tunakuandikia kwa heshima ile ile tuliyokuwa nayo tulipokuandikia kwa bahasha iliyofungwa. Barua ya kwanza ilipitia kwa mchungaji, ya pili kwa Mkuu wa Jimbo, ya tatu tuliileta wenyewe ofisini ikagongwa muhuri wa kupokelewa. Tukajibiwa kwa mdomo kwamba jambo linafanyiwa kazi. Jumapili mbili baadaye, mgeni yule yule tuliyemlalamikia alitangazwa tena kwenye ratiba ya semina. Ndiyo maana barua hii ya nne haina bahasha.

Sisi ni walimu wa kipaimara, wainjilisti, wazee wa kanisa na watunza hazina wa sharika. Hatumtaji mhubiri huyo kwa jina, kwa sababu akiondoka leo, kesho atakuja mwingine na begi lake la chupa, naye ataukuta mlango wazi vile vile. Tunalalamikia mlango.

1. Mimbari inatolewa kwa simu

Mambo yanavyokwenda sasa katika sharika nyingi ni hivi: kiongozi wa kikundi cha maombi anamsikia mhubiri redioni, anampigia, wanakubaliana tarehe, mabango yanachapwa, halafu ndipo mchungaji anaarifiwa. Atakayeuliza swali wakati huo anaonekana anapinga kazi ya Mungu, na tena hela ya mabango imeshatoka. Kijana akija kuposa, tunatuma watu hadi kwao wakaulize ukoo, tabia na hata magonjwa ya nyumba ile. Mtu anayekuja kulisha roho za watu 600 kwa siku 7 hatumuulizi hata anasali wapi.

Tunajua utaratibu unaofanya kazi, na si mgumu. Maombi ya kumwalika mgeni yaletwe kwenye Baraza la Wazee siku 30 kabla, na bango lisichapwe kabla ya kibali. Mgeni alete barua ya utambulisho kutoka kwa viongozi wa kanisa lake. Barua hiyo ithibitishwe kwa kupiga simu, na namba isiwe ile iliyoandikwa juu ya barua, maana karatasi yenye nembo inachapwa steshenari yoyote kwa dakika 10. Namba itafutwe kwenye ofisi ya kanisa husika. Aulizwe maswali mawili ambayo walimu wa uongo hawayapendi: uliondokaje kwenye kanisa ulilokuwa kabla ya hili, na ni nani mwenye mamlaka ya kukwambia umekosea, ukasikia? Akijibu kwamba yeye anawajibika kwa Mungu peke yake, mazungumzo yaishe hapo.

Kisha wazee wawili wasikilize mahubiri yake matatu mazima, wala si vipande vya dakika tatu vinavyosambazwa kwenye simu. Moja liwe la sadaka, moja la uponyaji, moja la msalaba. Tunasema matatu kwa sababu karibu kila mwalimu wa uongo ana hubiri moja zuri kabisa, na hilo ndilo atakalokuletea ukimwomba sampuli. La msalaba mara nyingi halipatikani. Utatafuta miezi sita ya kanda zake usikie toba na msamaha wa dhambi, utasikia nyota, ndoa, viza na maadui.

Wapo wanaotuonyesha cheti cha usajili chini ya Sheria ya Jumuiya, Sura 337. Ni vizuri kuwa nacho. Lakini Msajili aliye Wizara ya Mambo ya Ndani anasajili katiba, viongozi na anwani, hapimi mafundisho. Cheti kile kutundikwa ukutani kama nembo ya ubora ni kumsingizia Msajili kazi asiyoifanya. Shahada nayo haitoshi. Rwanda ilitunga sheria mwaka 2018 inayotaka wachungaji wakuu wawe na elimu ya theolojia ya chuo, na hatuna neno dhidi ya elimu. Ila katika viongozi wa kundi la kidini la Kanungu, Uganda, ambako mamia ya watu walikufa Machi 2000, alikuwemo padre msomi wa theolojia.

Kanisa la mwanzo lilikuwa kali kuliko sisi. Uko waraka wa Kigiriki uitwao Didake, ambao wataalamu wengi wanauweka mwishoni mwa karne ya 1 au mwanzoni mwa ya 2. Nakala yake ilipatikana Constantinople mwaka 1873. Unaagiza kwamba mtume anayepita akae siku moja, ikibidi mbili; akikaa tatu, ni nabii wa uongo. Akiondoka apewe mkate wa kumfikisha atakapolala. Akiomba fedha, ni nabii wa uongo. Wageni wetu hukaa hotelini wiki mbili kwa gharama ya usharika, na siku ya kuondoka wanafungiwa bahasha.

2. Andiko linasomwa nusu

Watu hudhani mwalimu wa uongo ni yule anayekana Biblia. La hasha. Anaibeba, tena ya jalada la ngozi, na ananukuu aya nyingi kuliko mchungaji wa usharika. Kasi yenyewe ndiyo dalili ya kwanza. Aya kumi kutoka vitabu kumi kwa dakika tano hazimpi msikilizaji nafasi ya kufungua hata moja. Wale wa Beroya wanasifiwa katika Matendo 17:11 kwa kuwa "wakayachunguza maandiko kila siku", na aliyekuwa akichunguzwa ni Paulo mwenyewe.

Tutoe mfano mmoja kwa karibu. 3 Yohana aya ya 2 inasema: "Mpenzi naomba ufanikiwe katika mambo yote na kuwa na afya yako, kama vile roho yako ifanikiwavyo." Juu ya aya hii yamejengwa mafundisho mazima kwamba Mkristo akiwa maskini au mgonjwa ana kasoro ya imani. Sasa soma aya ya 1. Ni mzee anamwandikia mtu mmoja aitwaye Gayo, na aya ya 2 ni salamu ya barua. Sisi tuliosoma enzi za barua za posta tulikuwa tukianza, "Mimi ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yako wewe uliye mbali na upeo wa macho yangu." Hakuna mtu mwenye akili timamu aliyeichukua salamu hiyo akaifanya ahadi ya kisheria kwamba mwandikiwa hataugua.

Malaki 3:10, ile ya "Leteni zaka kamili ghalani", inasomwa kila juma la malimbuko. Malaki 3:5 haisomwi. Katika aya hiyo, kabla ya kusema lolote juu ya zaka, Mungu anajitangaza shahidi dhidi ya wanaomdhulumu mwajiriwa mshahara wake, na wanaomwonea mjane, yatima na mgeni. Kuanzia 1:6 hadi 2:9 ni karipio kwa makuhani. Na Kumbukumbu la Torati 14:28-29 inaagiza kwamba zaka ya mwaka wa tatu iliwe na Mlawi, mgeni, yatima na mjane. Mhubiri anayeipenda zaka ya Agano la Kale aichukue yote, pamoja na huo mwaka wa tatu.

Luka 6:38, ile ya kipimo cha kujaa na kushindiliwa, inakuja baada ya maneno ya kuwapenda adui, kukopesha bila kutumaini kulipwa, kutohukumu na kusamehe. Bahasha haimo.

Kinachotakiwa ni zoezi ambalo mtoto wa kipaimara analiweza: aya ikitajwa, soma kumi juu yake na kumi chini yake, kisha uliza nani anasema, anamwambia nani, na kwa sababu gani. Tunaomba zoezi hilo liingizwe kwenye mtaala wa kipaimara na kwenye ibada za nyumba kwa nyumba. Tumelijaribu. Vijana wa darasa la miezi mitatu tu wanakamata upotoshaji ambao wazee wao wanaupigia makofi.

3. Fedha zinapita pembeni ya hazina

Kuna mbegu, kuna malimbuko, kuna sadaka ya kujimaliza, kuna sadaka ya kumwona mtumishi. Kila moja ina maelezo yake ya kiroho, na zote zinafanana jambo moja: hazina stakabadhi.

Namba inayotangazwa ni ya simu ya mtu. Kwa hili hatuhitaji ufunuo, simu yenyewe inafunua: ukiingiza namba ya kupokea, jina linatokea kabla hujaweka namba ya siri. Likitokea jina la mtu badala ya jina la usharika au la dayosisi, ghairi muamala. Kila usharika uwe na lipa namba yake, taarifa ya akaunti ichapwe kila mwezi, ibandikwe kwenye ubao wa matangazo. Sadaka ya semina ihesabiwe pale pale na watu watatu wasio ndugu, wasaini kitabu kabla ya mtu yeyote kuondoka. Paulo alipobeba mchango wa Yerusalemu hakusema "niaminini, mimi ni mtume". Alitaka makanisa yachague watu wa kufuatana naye, akaeleza sababu katika 2 Wakorintho 8:20-21: asije akalaumiwa.

Kuhusu mafuta, hesabu ni ya darasa la nne. Lita 1 hujaza chupa 10 za mililita 100. Chupa moja ikitolewa kwa "sadaka" ya shilingi 10,000, lita moja imezaa 100,000. Dumu la lita 20 ni milioni 2, bado hujagusa chumvi, maji, leso na stika za mlangoni. Kusema "hatuuzi, mnatoa sadaka" ni mchezo wa maneno, maana asiyetoa hapewi. Katika Yakobo 5:14 mgonjwa ndiye anayeita, wanaokwenda ni wazee wa kanisa, nao wanakwenda kwake. Hakuna foleni, hakuna chupa ya kwenda nayo nyumbani. Na Elisha alipomponya Naamani alikataa hata nguo. Aliyemkimbilia mgeni barabarani kudai fedha alikuwa Gehazi, mtumishi wake, na 2 Wafalme 5 inaeleza kwamba alitoka na ukoma mwilini.

Malimbuko yanatuumiza zaidi, kwa sababu yanadaiwa kama mshahara wote wa Januari. Januari ndiyo sare, ndiyo madaftari, ndiyo kodi ya nyumba. Mwalimu wa shule ya msingi anayetoa mshahara wote mwezi huo anaingia kwenye mikopo ya riba kubwa, halafu Machi anaambiwa ukame wake unatokana na madhabahu ya ukoo, atoe tena ili ivunjwe.

4. Wagonjwa wanaambiwa waache dawa

Hapa ndipo watu wanapokufa, kwa hiyo tutakaa.

Ushuhuda unaopigiwa vigelegele kuliko wote ni wa mtu aliyeshika karatasi ya kliniki inayosema virusi vya UKIMWI havionekani. Muuguzi yeyote wa CTC, kliniki ya wanaoishi na virusi hivyo, anajua maana yake. Mgonjwa anayemeza ARV, dawa za kufubaza virusi, vizuri kila siku, wingi wa virusi katika damu yake hushuka mpaka kipimo hakivioni. Vimejificha, havijaondoka. Karatasi ile inashuhudia kazi ya vidonge, nasi tunamshukuru Mungu kwa vidonge. Lakini ikisomwa mbele ya watu 800 kama uthibitisho wa uponyaji, wengine 20 waliomo humo wenye kadi za CTC mkobani wanarudi nyumbani na kuacha dawa. Kwa kawaida virusi hurudi kuonekana ndani ya wiki chache. Wakati huo semina imeshahamia mkoa mwingine.

Kila ugonjwa una mtego wake. Presha ya kupanda haiumi. Mtu akiacha vidonge anaweza kujisikia mwepesi zaidi kwa sababu maudhi madogo ya dawa yameisha, naye akasema amepona, hadi siku ya kiharusi. Mwenye kisukari anayetegemea insulini hana wiki za kusubiri, ni suala la siku. Dawa ya kifafa ikikatwa ghafla huweza kuleta degedege mfululizo lisilokoma. Kifua kikuu cha kawaida hutibiwa miezi 6, lakini kikohozi hupungua mapema, na aliyeacha katikati anabaki na vijidudu vinavyoweza kuwa sugu, anaviimbia kwenye kwaya.

Mwaka 2011 nchi nzima ilielekea Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha dawa cha shilingi 500 kwa mchungaji mstaafu. Tunalitaja hilo kwa uangalifu. Bei ile si bei ya tapeli, na kipimo cha fedha peke yake kisingetosha kutupa tahadhari. Tatizo lilikuwa kwamba watu walitoka hospitali wakiwa na dripu, wakaingia kwenye foleni ya magari ya kilomita nyingi, wengine wakafia njiani, wengine wakarudi wameacha dawa. Na viongozi wa makanisa waliotakiwa kusema "kunyweni mkitaka, dawa msiache" baadhi yao walikuwa kwenye foleni. Moshi, Februari 1, 2020, watu 20 walikufa kwa kukanyagana uwanjani wakikimbilia kukanyaga mafuta ya upako.

Hatusemi Mungu haponyi. Tunaombea wagonjwa kila juma. Ila Paulo, ambaye leso zake zilipelekwa kwa wagonjwa katika Matendo 19, ndiye aliyeandika, "Trofimo nalimwacha huko Mileto, hawezi." Hawezi, kwa Kiswahili cha wazee wetu waliotafsiri Biblia, maana yake mgonjwa. Hakumwambia Trofimo hana imani. Na Yesu alipowakuta wakoma kumi aliwaambia, "Enendeni, mkajionyeshe kwa makuhani," kwa kuwa kwa Torati, kuhani ndiye aliyekuwa mkaguzi wa ukoma. Aliyeponya hakuogopa ukaguzi.

Basi kanuni iwe hii: ushuhuda wa kupona ugonjwa uliothibitishwa hospitalini usisomwe kanisani mpaka hospitali hiyo hiyo ipime tena na daktari aandike. Mtu yeyote, mgeni au mwenyeji, akitamka "acha dawa" kwenye kipaza sauti, mzee wa zamu awe na mamlaka ya kumwashiria fundi mitambo akizime, kisha mchungaji asimame asahihishe palepale. Asingoje Jumapili ijayo. Waliosikia leo hawatakuwepo wote Jumapili ijayo.

5. Unabii wa namba za simu

Kwa ufupi, maana mambo haya yanajulikana. Jina la mtu linapatikana kwa namba yake ya simu, kama tulivyoeleza. Shida yake ameiandika mwenyewe kwenye fomu ya maombi aliyojaza getini, au amemsimulia mhudumu mpole aliyekaa naye kwenye foleni. "Kuna mtu hapa mgongo unamuuma" katika watu 800 ni kweli kila siku ya mwaka. Mguu "unaorefuka" hurefuka kiatu kikivutwa kidogo kisigino kikitoka, kisha kikarudishwa mbele ya kamera. Mvue viatu vyote viwili, mlaze chali kiuno kikiwa sawa, upime tena.

Kumbukumbu la Torati 18:22 inatoa kipimo rahisi: neno lisipotimia, Bwana hakulinena. Kwa hiyo unabii uandikwe na katibu wa Baraza, kwa tarehe, na usomwe tena mwaka ukiisha. Tunabashiri kwamba baada ya daftari la kwanza kujaa, manabii watapungua.

6. Bibi anaitwa mchawi

Hili lilikuwa ndani ya barua zetu zote tatu na halikujibiwa hata kwa mdomo. Mgeni anamwambia binti mbele ya watu: "Anayekula nyota yako ni mama yako mzaa baba, nyumba yenye mlango unaotazama magharibi." Watu wanashangilia. Katika nchi hii, hasa Kanda ya Ziwa, vikongwe wameuawa miaka mingi kwa kudhaniwa wachawi, wengine kwa sababu tu macho yao ni mekundu kwa moshi wa kuni na samadi. Mtu anayetaja bibi wa mtu kwenye kipaza sauti katika mazingira hayo anaweza kuwa anatoa hukumu ya kifo. Jambo hili si la semina, ni la polisi, na tunaomba dayosisi iseme hivyo kwa maandishi.

Kumtenga mtu na nduguze ndicho kiungo kinachorudi tena na tena. Kwanza usisikilize ndugu wasiookoka, kisha usiende hospitali, kisha mtoe mtoto shule, kisha uza shamba. Mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola, kaunti ya Kilifi nchini Kenya, ilifukuliwa miili zaidi ya 400. Mhubiri Paul Mackenzie na wenzake walishtakiwa, wakakana, na hukumu tunaiachia mahakama. Tunachosema ni kwamba kabla ya msitu palikuwa na kanisa mjini Malindi, na mafundisho ya kukataa shule yalikuwa yamehubiriwa hadharani miaka kadhaa kabla ya kaburi la kwanza kufukuliwa.

Majibu tunayoyatarajia

Tutaambiwa, "Msiwaguse masihi wangu." Zaburi 105 inawataja hao masihi kwa majina: ni Abrahamu, Isaka na Yakobo, wageni wachache waliokuwa wakitangatanga, na wanaoonywa ni wafalme wasiwadhuru. Haimkingi mhubiri asiulizwe risiti. Nabii Nathani alimwendea Daudi, aliyekuwa masihi wa Bwana kwa mafuta kabisa, akamwambia, "Wewe ndiwe mtu huyo."

Tutaambiwa tusihukumu. Ni Mathayo 7:1. Aya 14 baadaye, Bwana yule yule anasema, "Jihadharini na manabii wa uongo." Huwezi kujihadhari na mtu usiyeruhusiwa kumpima.

Tutaambiwa miujiza ni ya kweli. Labda. Kumbukumbu la Torati 13 inazungumzia ishara iliyotimia kabisa, na bado inasema nabii huyo asisikilizwe kwa sababu ya anakowapeleka watu.

Tutaambiwa shauri la Gamalieli: tuwaache, kama si la Mungu litavunjika lenyewe. Gamalieli alikuwa akiishauri baraza ya Wayahudi, hakuwa akiwapa wazee wa kanisa maelekezo ya kazi. Maelekezo yako Matendo 20, Paulo akiwaaga wazee wa Efeso: mbwa-mwitu wakali wataingia, na wengine watainuka miongoni mwenu wenyewe, kwa hiyo kesheni. Mchungaji anayengoja mbwa-mwitu ashibe aondoke mwenyewe, anangoja nini hasa?

Na jibu ambalo halisemwi kwa sauti: tukibana, vijana watahama, na sadaka itashuka. Ni kweli baadhi watahama. Hapa tunakubali kosa la upande wetu pia. Watu wanakwenda kwa manabii kwa sababu mtu akiumwa usiku, nabii anapokea simu, na mzee wa mtaa hapokei. Ibada zetu zina dakika 40 za matangazo na 3 za kuwaombea wagonjwa. Kubana mlango bila kuwasha moto ndani hakutasaidia, ndiyo maana baadhi ya tunayoomba yanatuhusu sisi wenyewe.

Tunachoomba

Ndani ya siku 60, waraka wa dayosisi usomwe katika kila usharika na kila mtaa, wenye kanuni za wageni wa mimbari, fedha na ushuhuda kama tulivyozieleza. Uuzaji wa mafuta, maji, chumvi na leso usimame katika viwanja vyote vya kanisa, hata kama anayeuza ni kwaya yetu ikichangia safari. Namba binafsi zisitangazwe tena kuanzia Jumapili ya waraka huo.

Iundwe kamati ya watu 5 ya kupokea malalamiko, angalau mmoja wao mtaalamu wa afya na mmoja mwanasheria, na angalau wawili wanawake, kwa sababu walioumizwa wengi ni wanawake. Lalamiko lijibiwe kwa maandishi ndani ya siku 21. Tunakubali kanuni ya 1 Timotheo 5:19, kwamba mashtaka juu ya mzee yasipokewe ila kwa mashahidi wawili au watatu. Kwa hiyo tunaomba ifuatwe pia aya ya 20, wanaodumu kutenda dhambi wakemewe mbele ya wote.

Kila usharika uweke wazee wawili wa zamu kwa wagonjwa, namba zao zibandikwe mlangoni, nao wapokee simu usiku. Sisi tuliosaini tunajitolea kuanza, na majina yetu yako kwenye nakala iliyoletwa ofisini.

Mwisho, mgeni aliyepangwa kwenye semina ya mwezi ujao asimamishwe mpaka apimwe kwa utaratibu huu. Akipita, tutakaa viti vya mbele na kusema amina. Tukiitwa kwenye kikao tutakuja siku yoyote, pamoja na daftari la miamala ya washarika walioridhia ionyeshwe, na tunaomba kikao hicho kiwe na mwandishi wa muhtasari.

Ni sisi katika shamba la Bwana,

Walimu wa kipaimara, wainjilisti, wazee wa kanisa na watunza hazina

Nakala:
Wachungaji wote wa Dayosisi
Wenyeviti wa Mabaraza ya Wazee
Viongozi wa kwaya na vikundi vya maombi
Ubao wa matangazo wa kila usharika